Dawa ya rangi ya CT skani na figo za mzee: maswali yenu kutoka Kusini

Mwezi huu maswali yamekuja mengi ya jambo moja, nadhani ni kwa sababu siku hizi CT skani haipo Dar peke yake, mtu wa Newala au Nachingwea anaandikiwa kipimo na anakipata bila kulala njiani, na maneno ya mtaani nayo yamesogea pamoja na mashine. Mimi kazi yangu ni chumba cha picha, ndo ninayekufunga kanula, ile sindano ya plastiki inayobaki mshipani, na kukuambia vuta pumzi, shikilia. Kwa hiyo haya najibu kama mtu anayewaona mkiingia mnatetemeka.

Shikamoo. Baba yangu ana miaka 68, ni mkulima wa korosho huku Tandahimba, ana sukari miaka tisa sasa na presha. Amepungua sana, ubavu wa kulia unamuuma, ultrasaundi imeonyesha kitu kwenye ini hakieleweki vizuri, wakasema apigwe CT skani ya tumbo na dawa ya rangi. Majirani wakaanza, mara fulani alipigwa hiyo dawa figo zikafa, mara ile ni sumu, sasa baba amekataa kabisa. Kriatinini yake, kile kipimo cha damu cha figo, ni 148. Anatumia metformini ya sukari na vidonge vya presha. Tumlazimishe au tuache? (Binti wa mzee, Tandahimba)

Marahaba mwanangu, pole sana. Kumlazimisha hapana, ila msiache pia.

Tuanze na dawa yenyewe maana watu wanaiogopa bila kuiona. Mnaiita dawa ya rangi lakini kwenye sirinji haina rangi yoyote, iko kama maji, nzito kidogo, ikikumwagikia vidoleni inanata kama maji ya sukari. Sisi tunaiita kontrasti. Ndani yake kuna iodini, na iodini inazuia mionzi isipite, kwa hiyo popote damu inapoibeba panatoka peupe kwenye picha. Ini bila kontrasti ni kijivu kitupu, na uvimbe wa kijivu ndani ya ini la kijivu utauonaje? Ndo maana daktari wa baba yako ameiomba, anataka kuona kile kitu kinanyonya damu namna gani, maana jipu, uvimbe wa maji, saratani, kila kimoja kina tabia yake. Akipigwa kavu, yaani bila kontrasti, mnaweza kutoka na majibu ya "hakieleweki" mara ya pili, na nauli imeshakwenda.

Kwa tumbo la mtu mzima huwa inaingia kama mililita 100 hivi, haifiki hata nusu ya chupa ya soda. Haikai mwilini. Figo zinaichuja inatoka na mkojo, mwenye figo nzima nusu yake inatoka ndani ya kama saa mbili na kesho yake muda kama huo karibu yote imeshaondoka. Na hapo ndo hofu inapotokea, kwamba anayefanya kazi ya kuitoa ni figo, na figo iliyochoka tayari unaiongezea mzigo: kontrasti inabana mishipa midogo ya damu ndani ya figo na inazikera zile chembe za kwenye mirija ya kuchuja mkojo. Ikitokea, kriatinini inapanda ndani ya siku moja mbili, inafika juu siku ya tatu mpaka ya tano, na kwa wengi inashuka yenyewe ndani ya wiki moja au mbili. Wachache haishuki. Sitaki kukudanganya kwamba hilo halipo.

Lakini sasa hesabu ya baba yako. Kriatinini 148 peke yake haikuambii kitu mpaka uiweke kwenye umri na jinsia, kwa sababu kriatinini inatoka kwenye misuli, mtu mwenye misuli anayo nyingi, bibi mkavu anayo kidogo. Kwenye karatasi ya maabara mara nyingi kuna mstari mwingine umeandikwa eGFR, huo ndo unaosema figo zinachuja mililita ngapi kwa dakika, kama haupo mwombe daktari akupigie hesabu. Mwanaume wa miaka 68 mwenye 148 anapata kama 44. Kijana wa miaka 25 mwenye 148 hiyo hiyo anapata kama 58. Mama wa miaka 68 mwenye 148 anashuka mpaka kama 33! Namba moja, watu watatu tofauti kabisa, halafu unamsikia jirani anasema "yule alikuwa na 150 akapona" au "yule alikuwa na 130 akafa", mnalinganisha nini?

Mstari tunaouogopa kweli ni 30. Chini ya hapo, au mtu ambaye figo zake zimeumia ghafla siku hizi hizi, mfano ametoka kuharisha sana au ana maambukizi makali kwenye damu, huyo ndo tunakaa chini na daktari wake tunaulizana kama kipimo kina ulazima, na kama upo anawekewa dripu ya maji ya chumvi kabla na baada. Kati ya 30 na 44 ni eneo la tahadhari, si la kukataa. Baba yako yuko ndani ya eneo la tahadhari, mwisho wake wa juu. Kwa uzito wa kile kitu kwenye ini, na mtu anapungua, mimi ningekuwa ndo mwanae angepigwa.

Na ujue hofu hii ina historia. Kontrasti za zamani zilikuwa kali, zimekolea mara kadhaa kuliko damu, ripoti za figo kuumia zimeanza tangu miaka ya 1950. Za sasa zimepunguzwa ukali. Halafu kwa miaka mingi kila kriatinini iliyopanda baada ya skani ililaumiwa kontrasti, mpaka watafiti wakaja kulinganisha waliopigwa na kontrasti na waliopigwa kavu, wakakuta hata wa kavu kriatinini zao zinapanda, maana mgonjwa wa wodini anaumwa mambo mengi. Mwaka 2020 Chuo cha Wanaradiolojia cha Marekani pamoja na Mfuko wa Taifa wa Figo wa huko huko wakatoa tamko la pamoja kwamba hatari hii ilikuwa imekuzwa kupita kiasi, wakabaki na huo mstari wa 30.

Sasa kuna kitu hujaniandikia na mimi ndo kinachonitia wasiwasi kuliko dawa ya rangi. Mzee wa miaka 68 anayeinama chini ya mikorosho kuokota, magoti hayamuumi? Kiuno? Anameza nini?

Nauliza kwa sababu ya mzee mmoja niliyempokea, umri kama wa baba yako, nikamuuliza unatumia dawa gani akasema za sukari tu. Nimeshafunga kamba mkononi natafuta mshipa, akatoa leso mfuko wa shati ajifute jasho, ikadondoka karatasi ya vidonge imebaki viwili. Diklofenaki, dawa ya maumivu, na dawa za aina hiyo zinaumiza figo. Nikamuuliza mzee hii nini, akasema "aa hiyo ya mgongo tu, si dawa". Alikuwa anameza viwili asubuhi viwili jioni wiki ya tatu ile, kutoka duka la dawa, na alikuja na basi tangu usiku hajanywa hata maji kwa sababu aliambiwa asile kitu akaelewa na maji asiguse. Nilifungua ile kamba nikampigia daktari wake. Aliahirishiwa, akaacha diklofenaki, akanywa maji, kriatinini iliporudiwa ilikuwa imeshuka kabisa, akapigwa picha yake akaenda nyumbani. Angepigwa siku ile figo zikagoma, kijiji kizima kingesema ni dawa ya rangi.

Kwa hiyo mwanangu fanya hivi. Kaa na baba, mwambie atoe kila kitu anachomeza, cha hospitali, cha dukani, cha mganga, na yale maji ya mizizi kwenye chupa ya dawa ya kikohozi, yote, weka kwenye mfuko mmoja uje nao. Usimgombeze maana atakuficha nusu. Diklofenaki, ibuprofeni na ndugu zao aache siku kadhaa kabla, maumivu atumie parasetamoli kwanza kama daktari wake hana pingamizi. Vidonge vya presha msimkatishe wenyewe, mtu anaacha dawa ya presha kwa kuogopa figo halafu anapata kiharusi, muulizeni daktari. Metformini haiumizi figo, watu wanaichanganya hapa: tatizo ni kwamba figo zikigoma metformini inajaa mwilini na damu inakuwa na asidi. Miongozo ya sasa inaisimamisha saa 48 kwa mwenye eGFR chini ya 30 au figo zilizoumia ghafla, ila zipo hospitali zinamsimamishia kila mtu, fuateni mtakavyoambiwa pale. Ila mkiambiwa msimamishe ulizeni na siku ya kuanza tena, nimeona wazee wanakaa miezi bila dawa ya sukari kwa sababu hakuna aliyewaambia rudi.

Mimi nikila kamba au pweza navimba midomo na kuwashwa mwili mzima. Nimeambiwa dawa ya CT ina iodini kama vitu vya baharini. Je, nikatae? (Mama lishe, Kilwa Kivinje)

Usikatae dada, huu ni uzushi wa zamani sana na umeenea mpaka kwenye fomu za hospitali. Kinachokuvimbisha kwenye kamba ni protini za nyama yake, si iodini. Chumvi unayopikia ina iodini, imekuvimbisha lini? Mwili wako hauwezi kukataa iodini yenyewe, unaihitaji.

Ila waambie, kwa sababu mtu mwenye aleji za chakula, au pumu, uwezekano wake wa kupata aleji ya kontrasti uko juu kidogo kuliko wengine, na watakukalisha pale nusu saa baada ya sindano wakuangalie. Kitu kikubwa ni kama ulishawahi kupigwa kontrasti yenyewe ukavimba au ukakosa pumzi, hilo liseme hata kama hujaulizwa. Na hii ya aleji haina uhusiano na figo, ni mambo mawili tofauti, watu wanayaweka kapu moja.

Nilipodungwa ile dawa nilisikia joto limeshuka kutoka kooni mpaka chini, nikajua nimejikojolea mbele za watu, nilitamani ardhi inimeze. Ndo figo zilikuwa zinaungua? (Msomaji, Masasi)

Pole mama yangu, na nasikitika kwamba aliyekupiga hakukwambia kabla, maana ni wajibu wetu kusema na inachukua nusu dakika. Lile joto ni mishipa ya damu inatanuka dawa inapopita haraka, linaanza kooni, mdomoni unapata ladha ya chuma kama umelamba sarafu, linashuka kifuani, likifika nyonga unahisi kabisa mkojo umetoka. Haujatoka. Ukishika kanga ni kavu. Dakika moja limeisha. Figo haziungui na wala hazisikiki, figo ikiumia na kontrasti huwa hakuna maumivu yoyote, inaonekana maabara tu au kwenye mkojo kupungua.

Kitu ambacho kikiuma useme hapo hapo ni mkono. Ukisikia pale kwenye kanula panavimba na kuchoma, piga kelele, dawa inaweza kuwa inatoka nje ya mshipa.

Nanyonyesha mtoto wa miezi minne, nimeambiwa nikamue maziwa nimwage siku mbili. (Mikindani)

Hamna haja. Kwenye maziwa inaingia chini ya asilimia 1 ya dawa uliyopewa, na hicho kidogo tumbo la mtoto linafyonza chini ya asilimia 1 yake. Endelea kunyonyesha. Kama roho inakataa kamua kabla umwekee akiba ya siku moja, lakini kumwaga siku mbili ni kumtesa mtoto na matiti yako.

Kaka yangu anasafishwa damu mara tatu kwa wiki, figo zimekufa. Sasa anatakiwa MRI (ile mashine ya picha ya sumaku) ya uti wa mgongo na wamesema huenda wakaweka dawa. Nimesikia MRI haina shida ya figo kwa hiyo tusiulize. Ni kweli? (Lindi mjini)

Hapana, ulizeni, na nashukuru umeandika.

Dawa ya MRI si ile ya CT. Haina iodini, ina madini yanaitwa gadolini, na yenyewe haina sifa ya kuharibu figo kwa kipimo cha kawaida, hapo waliokwambia wako sawa. Shida ni kinyume chake, figo zilizokufa haziwezi kuitoa, ikikaa mwilini muda mrefu madini yale yanaachia kutoka kwenye kifungashio chake. Mwaka 1997 walionekana wagonjwa wa kwanza wa figo waliokuwa wanakakamaa ngozi, inakuwa ngumu kama ubao, miguu na mikono haikunjiki, na mwaka 2006 ikafahamika chanzo ni gadolini. Ugonjwa ule hauna dawa ya uhakika mpaka leo.

Habari nzuri ni kwamba zile zilizoleta shida zilikuwa za muundo fulani wa zamani, ambao madini yameshikwa kwa ulegevu. Zipo za muundo wa duara zinazoyakumbatia vizuri na kwa hizo ugonjwa ule ni nadra mno hata kwa mwenye figo mbovu. Ulaya mwaka 2017 walisimamisha kadhaa za zile legevu. Kwa hiyo swali lenu pale kaunta ni hili: dawa mtakayotumia ni ya muundo gani, na kipimo hakiwezi kufanyika bila dawa? Uti wa mgongo mara nyingi unaonekana vizuri tu kavu, kama ni diski imebana mshipa wa fahamu. Ikibidi dawa, pangeni iwe muda mfupi kabla ya zamu yake ya kusafishwa, mashine inaitoa.

Na akija kuhitaji CT ya kontrasti, mtu ambaye anasafishwa na hatoi mkojo tena hakuna figo ya kuiokoa, apigwe, na wala hahitaji kukimbizwa kusafishwa dharura kwa ajili ya iodini, zamu yake ya kawaida inatosha. Akiwa bado anatoa mkojo kidogo mwambieni daktari, hicho kidogo kina thamani.

Nimepangiwa CT ndani ya mwezi wa Ramadhani na figo zangu wamesema zimeanza kuchoka. Niko Mtwara. Watu wananiambia ninywe madafu mengi kusafisha dawa. (Babu wa Shangani)

Shikamoo babu. Kama kipimo si cha dharura omba kisogezwe mpaka baada ya sikukuu, watakuelewa, kwa sababu mwili uliokauka ndo unaoipa kontrasti nafasi ya kuumiza figo, na wewe saa tisa mchana na jua la huku utakuwa hujanywa tangu daku. Kama ni cha haraka ongea na daktari na shehe wako siku hiyo hiyo, ugonjwa una ruhusa yake, lakini hilo shehe ndo atalisema, mimi si mahali pangu.

Madafu hapana babu. Najua huku tunayapenda na kwa mtu mwenye figo nzima ni maji mazuri tu, ila dafu lina potasiamu nyingi, na figo zilizochoka zinashindwa kuitoa, ikijaa kwenye damu moyo unaweza kubadilisha mapigo mpaka kusimama. Kunywa maji ya kawaida siku ya kabla, siku yenyewe na siku ya baada, isipokuwa kama una moyo mkubwa au miguu inavimba, hapo kiasi apange daktari. Wala usinunue vile vidonge na unga wa kuyeyusha wanaokwambia unalinda figo kabla ya skani. Utafiti mkubwa wa watu kama 5,000 uliotoka 2018 ulijaribu asetilisisteini, ndo hivyo vidonge, na dripu ya baikaboneti, ikaonekana vidonge havizidi kidonge kitupu kisicho na dawa, na baikaboneti haizidi maji ya chumvi ya kawaida. Pesa hiyo weka ya kurudia kipimo cha damu.

Baba alishapigwa juzi tukarudi kijijini Nanyamba. Tuangalie nini? (Msomaji)

Mkojo. Mwekeeni ndoo au kopo lake siku tatu muone unatoka kama kawaida. Ukipungua sana, au akaanza kuvimba miguu na uso, au kutapika na kusinzia sinzia, mrudisheni siku hiyo hiyo msisubiri kliniki. Hata kama yuko sawa, kama eGFR yake ilikuwa chini ya 45 apimwe kriatinini siku ya pili au ya tatu, kituo cha afya cha karibu chenye maabara kinatosha, si lazima mrudi mjini. Na mwende na ile karatasi ya zamani yenye namba ya kabla ya skani, kwa sababu wakipata 150 bila kujua kwamba alianza na 148 watawatisha bure, na wakipata 150 kwa mtu aliyeanza na 90 watawaruhusu mwende nyumbani wakati hakutakiwa kuondoka.